Babu wa Sita

Mpaka leo sijaelewa yule mzungu alikuwa akitafuta nini kwetu. Vita vya shifta, wale waasi waliopigana na serikali, vilikuwa vimetufungia ndani ya kambi ya seng'enge, nje kidogo ya Garissa, na chifu ndiye aliyemleta na kamera yake. Akatundika shuka jeupe, akaweka debe mbele yake. Kila mtu akae peke yake, aulizwe: wewe ni nani? Ukitaja baba au ukoo, anatikisa kichwa.

"Anakutaka wewe tu, bila watu wako," mkalimani wake akasema.

"Bila watu wangu mimi ni mbuzi wa nani?" mzee mmoja akamuuliza. Tukacheka.

Mimi sikucheka sana. Kaka yangu alikuwa amerudi kutoka kwa wapiganaji, mgonjwa. Askari walijua mama ana mwana aliyeingia porini, kwa hiyo mama alimwandikisha kama mchunga ngamia wa Wajir, mtu asiye na jamaa pale. Wakijua ni wetu, wanamchukua.

Chifu akamkalisha kaka kwenye debe. Akataja jina la uongo, na baba wa uongo. Mzungu hakutosheka, akauliza tena na tena. Homa imempanda kaka, jua kali, basi akafanya tulivyofundishwa tangu utotoni: akahesabu mababu. Na walikuwa mababu zetu, wale wale, maana ulimi wake haukuwa na wengine. Kwa babu wa sita akakwama.

"Mtu wa Wajir amemeza babu," mkalimani akasema.

Kwetu mtu akikwama nduguye humtajia. Nikamtaja wa sita, kwa sauti. Sijui nilifungua mdomo saa ngapi.

Mkalimani akanigeukia taratibu. "Dada, babu wa mgeni huyu umemjulia wapi?"

Mama akatazama chini. Mkalimani alimwambia chifu, chifu akawaita askari. Ni hao wawili waliomtoa, nasema wazi, na chai yetu walikuwa wakinywa. Mzungu naye hakuisimamisha kamera. Kaka akapandishwa lori, hakurudi.

Nikasikia baadaye sinema ile ilionyeshwa huko kwao. Sijui kama kaka yumo, wala kama yumo ni yupi, wa Wajir au wetu. Chifu na mkalimani nawalaumu kila siku. Lakini mama aliishi nami miaka mingi baada ya pale, akafa, na hakuniuliza hata mara moja kwa nini nilisema. Ningejua ananilaumu, ningejua pa kusimama.