Fukuto la Mama Chemsha

Jina la Mama Chemsha alipewa na majirani, na alilistahili. Alikuwa mfinyanzi wa fukuto, ule udongo wa kijivu unaochimbwa chini ya kilima, ambao ukishafinyangwa haumsahau aliyeufinyanga. Chungu cha fukuto hakihitaji kuni. Joto lake hutoka katika roho ya aliyekitengeneza, popote alipo, mpaka siku atakapokufa. Vyungu vya wafinyanzi wapole huwa vuguvugu, vinafaa kwa maziwa ya mtoto. Vya Mama Chemsha vilitokota. Mwanamke yule alikuwa na hasira za karibu tangu utotoni, na kwa miaka thelathini na nne mji mzima ulikunywa chai kwa hasira hizo huku ukimsema kwamba ana mdomo. Watu wana mambo! Mtu anakuja kuomba chungu kinachochemka, akishakikumbatia anageuka mlangoni na kusema, "Lakini mama, punguza hasira."

Chai haikumshughulisha. Alichojivunia ni vyungu kumi na viwili vilivyokuwa katika wodi ya wazazi, mtaa wa pili, ambako mdogo wake wa tumbo moja alikuwa mkunga mkuu. Humo ndimo mikasi na vitambaa vilichemshwa. Kila aliposikia mama fulani kajifungua salama, Mama Chemsha alijiona naye alikuwepo, ingawa hakumwambia mtu.

Ugomvi ulianzia kwenye tope. Msimamizi mpya wa karakana alimofanya kazi, bwana mmoja wa viatu vinavyong'aa, aliamuru fukuto lichanganywe na tope la mtoni ili vyungu viwe vingi. Mama Chemsha akasimama mbele ya wafinyanzi wote, udongo umemjaa hadi viwikoni.

"Tope halina mtu ndani yake," akasema. "Chungu kitapasuka, na kitapasuka siku ya shida. Mimi sikandi!"

Msimamizi hakuwa mjinga. Alijua akimfukuza kwa ubaya wenzake watamfuata, basi akamfukuza kwa uzuri. Wiki iliyofuata aliitisha sherehe: maua mezani, hotuba ndefu, na zawadi ya kiti cha kuegemea chenye mito. Alimwita "hazina yetu". Alimwambia apumzike sasa, ameifanyia karakana makubwa. Wafinyanzi wakapiga makofi mpaka viganja vikawasha. Na Mama Chemsha, ambaye maisha yake yote hakuwahi kusifiwa hata kwa bahati mbaya, akalia machozi. Tusimcheke. Sifa ni tamu, na yeye alikuwa na njaa nayo ya miaka mingi.

Siku nne alikaa barazani kwenye kile kiti, akiwasalimia wapita njia kwa upole uliowatia wasiwasi. Mume wake, aliyezoea kukemewa kwa kuacha kandambili mlangoni, siku ya tatu aliziacha makusudi, akasubiri.

"Si neno, mume wangu," mkewe akasema.

Mzee wa watu akaenda kumgusa paji la uso kuona kama ana homa.

Siku ya tano asubuhi, mkunga alifika mbio, aproni ingali mwilini, mkononi ameshika vipande vya chungu.

"Dada, umefanya nini?"

"Nimefanya nini tena? Nimepumzika."

"Vyungu vyako vyote vimepoa! Jana maji yalikuwa vuguvugu, leo ni ya baridi kabisa. Nikachukua kipya karakana, kimenipasukia mikononi. Nina mama wawili wana uchungu na mikasi haijachemshwa. Na kuni nani anazo mji huu?"

Mama Chemsha alichukua kipande kimoja akakivunja kwa vidole. Ndani kulikuwa na changarawe na jani la mtoni lililooza. Hapo akaelewa yote kwa mpigo: maua, mito, hazina yetu. Walikuwa wamempoza. Wamembembeleza kama mtoto anayepewa pipi ili achomwe sindano, naye kwa hiari yake akafungua mdomo. Aibu ndiyo iliyomshika kwanza, akaona uso unamwaka. Kisha ikawa si aibu tena.

"Rudi kazini," akamwambia mdogo wake. "Hujafika mlangoni, yatakuwa yanachemka."

Akaelekea karakana na kile kipande mkononi. Kila nyumba aliyoipita, vifuniko vilianza kugongagonga jikoni. Mahali fulani mtu alipiga yowe kaungua. Hakuomba radhi. Aliingia, akavuta stuli yake, akaipiga teke ndoo ya tope ikamwagikia viatu vya msimamizi.

"Mama, wewe umeshastaafu," msimamizi akasema, akirudi nyuma.

"Nimestaafu kusifiwa."

"Tuzungumze taratibu basi. Hasira si nzuri kwa umri wako. Nakuomba utulie."

Neno hilo alikuwa ameambiwa na wazazi, walimu, wakwe na majirani, na kila mara lilimfanya ajione ana kasoro. Safari hii halikumgusa hata kidogo. Nyuma yake wafinyanzi, mmoja baada ya mwingine, walikuwa wakitoa mikono kwenye tope na kuifuta.

Mama Chemsha alijivutia bonge la fukuto safi, akaweka viganja juu yake.

"Kuna watoto wawili wanazaliwa sasa hivi kwa maji yangu," akasema. "Anayetaka nitulie, anizike kwanza."

Akaanza kukanda.