Kiambaza cha Winifred Tapscott

Winifred Tapscott alikuwa amesema uongo mmoja tu wa maana maishani mwake, na uongo huo ulikuwa na umri wa miaka arobaini na minane, umepigwa chapa na kutiwa muhuri wa serikali. Wahenga wanasema njia ya mwongo ni fupi. Wahenga hawakuwahi kukaa katika nyumba ya orodha.

Nyumba yake ilikuwa ya tatu kutoka kona ya Kichochoro cha Waimbaji, nyuma ya kanisa kuu la Thornminster, karibu kiasi kwamba kengele zikilia vikombe vinatetemeka kabatini. Ilikuwa nyembamba, imemwegemea jirani, na ilikuwa katika orodha ya majengo ya kale ambayo mwenyewe haruhusiwi kuyagusa bila kibali. Kichochoro kizima kilikuwa hivyo. Huombi ruhusa ya kubomoa tu. Unaomba ruhusa ya kitasa, ya kioo cha dirisha, ya rangi ya mlango. Jirani mmoja alipaka mlango wake kijani kibichi badala ya kijani kilichokolea, akaandikiwa barua tatu. Watu walimwonea huruma mbele yake, na nyuma yake walisema amejitakia.

Mambo yangeendelea hivyo kwa amani lau si magoti. Winifred alikuwa na miaka sabini na tisa, goti moja la chuma na la pili likingoja zamu yake, na choo pekee cha nyumba ile kilikuwa juu, ngazi kumi na nne, zilizolika katikati na watu waliokufa zamani. Binti yake Hilary, anayeishi Swindon, alikuwa ametoa neno la mwisho: choo cha chini kisipopatikana kufikia Pasaka, mama anahamia nyumba ya kulelea wazee hukohuko Swindon, ile yenye bustani na mtu wa kupiga kinanda kila Alhamisi. Kifo Winifred alikuwa amekwisha kukizoea kichwani. Kinanda cha Alhamisi hakukizoea.

Nafasi ya choo ilikuwapo. Nyuma ya sebule palikuwa na kijichumba kitupu, kimetengwa kwa kiambaza cha mbao nzito, chenye kimlango chembamba ambacho fremu yake ya kutembelea haikupita hata alipoisukuma kwa hasira. Kikiondoka kiambaza, choo kinaingia. Akajaza fomu, kurasa kumi na tisa, na halmashauri ikamleta afisa wake wa majengo ya kale.

Rupert Quennell alifika kwa baiskeli, kijana wa miaka thelathini hivi mwenye tai ya sufu na adabu nyingi. Hakuiangalia fremu wala magoti. Alikwenda moja kwa moja kwenye kiambaza, akakigusa kwa mgongo wa mkono kama mzazi anayempima mtoto homa.

"Karne ya kumi na saba, Bi Tapscott," alisema. "Mwaloni mtupu. Vigingi vya mti, hakuna msumari hata mmoja. Unisamehe, siwezi kukiruhusu kiondoke."

"Mwaloni ni wa zamani, sikatai," Winifred alisema. "Kiambaza ni cha mume wangu. Alikijenga mwaka sabini na tatu."

Quennell alitabasamu kwa upole ule unaowekewa wazee na wendawazimu, akatoa karatasi. "Imeandikwa hapa katika orodha. Kiambaza cha karne ya kumi na saba, kwa ushahidi wa mkaaji wa nyumba."

"Mkaaji wa nyumba nilikuwa mimi. Nilidanganya."

Kijana akashusha kikombe cha chai mezani taratibu sana.

Na ilikuwa kweli tupu. Cyril Tapscott alikuwa seremala katika karakana ya kanisa kuu. Mwaka ule mabenchi ya kwaya yalikuwa yakibadilishwa, na mbao za miaka mia tatu zilikuwa zinangoja moto. Cyril akazipakia kwenye mkokoteni akaja nazo nyumbani. Mama yake alikuwa amehamia kwao, mwanamke wa kupanga sufuria za mwenzake upya kila asubuhi. Winifred alimvumilia miezi mitano, kisha maji yakazidi unga, akafunga sanduku akaenda kwa dada yake Bristol. Alirudi baada ya siku sita. Akakuta kiambaza kimesimama, unene wa mlango wa jela, na mama mkwe yuko nyuma yake. Akajua mume amechagua upande. Wiki mbili hakumsemesha.

Miaka mitatu baadaye akaja mkaguzi wa serikali mwenye mwavuli, anaorodhesha kichochoro. Nyumba ilikuwa ya kupanga kwa kanisa, na Cyril hakuwa amemwomba mtu ruhusa ya kujenga hata rafu. Mkaguzi akauliza kama kiambaza kile kimekuwapo siku zote. Winifred, mtoto kiunoni, akiona tayari vyombo vyao vimetupwa nje, akajibu kwamba kimekuwapo tangu enzi na enzi. Mkaguzi akaandika. Cyril aliposikia alicheka mpaka akakaa kwenye ngazi.

Tangu hapo, kila Septemba, siku nyumba za kale zinapofunguliwa kwa wageni, Muriel Stotesbury, mkuu wa waongozaji wa mji, alileta makundi ya watu kukistaajabia. Cyril alikuwa akijipanga nao mwishoni, mikono nyuma, akiuliza maswali.

"Na huyo fundi," aliuliza kila mwaka, "unadhani alikuwa hodari?"

"Hodari wa ajabu, Bwana Tapscott," Muriel alijibu. "Mafundi kama hao hawazaliwi tena."

Cyril alikufa miaka minne iliyopita, hajaungama.

Sasa Winifred alikuwa ameungama, na ungamo lilimponza kuliko dhambi. Quennell, kwa wema wake, alimpigia simu Hilary kumweleza kwamba mama amechanganyikiwa kidogo. Jumamosi Hilary akafika na kipeperushi cha nyumba ya wazee mkobani, akakaa mbele ya mama yake kama hakimu.

"Mama, leo ni siku gani?"

"Siku ambayo kwa kawaida unakuwa kwa msusi."

"Waziri mkuu ni nani?"

"Wanabadilishwa kila nikienda dukani. Uliza swali la haki."

Muriel naye alikuja na supu ya viazi na vitunguu, akaishika mikono ya Winifred. "Ni majonzi, mpenzi. Majonzi hufanya mambo mengi. Cyril hangeweza kufanya kitu kama hicho. Mtu aliyekuwa na maswali mazuri vile."

"Alikuwa anakucheka, Muriel."

Muriel akamtazama Hilary kwa huzuni, Hilary akamtazama Muriel, na Winifred akaona shauri lake limekatwa mbele ya macho yake. Alikuwa amesema kweli kwa mara ya kwanza katika jambo hili, na kweli ndiyo iliyokuwa inamfungia mizigo. Aliogopa. Aliogopa kuamka asubuhi asisikie kengele, asione vikombe vikitetemeka, aulizwe na msichana mgeni kama amependa uji wake.

Hilary hakuwa mtu wa kupoteza muda. Jumapili ileile alitoa futi akaanza kupima samani zipi zitaingia Swindon. Alipolivuta kabati la jikoni kutoka ukutani, akasimama.

"Mama, kuna maandishi huku nyuma. 'C.T. Aprili 1968. Jua. Mayai. Winnie ana mafua.'"

"Baba yako huyo," Winifred alisema, wala hakuinua macho kwenye chai yake. "Maseremala wa kanisa kuu ndivyo walivyo. Hawaweki jina mbele, ni majivuno. Wanaandika nyuma, pasipoonekana na mtu. Jina, mwezi, hali ya hewa na walichokula. Hata kule juu darini kwa maaskofu kumejaa habari za jibini. Baba yako hakuwahi kutengeneza hata kigoda bila..."

Hakumaliza. Akaweka kikombe chini, akaomba aletewe simu.

Quennell alipokea akiwa katikati ya chakula chake cha Jumapili. Winifred akamuuliza kama anaweza kung'oa ubao mmoja tu wa kiambaza, halafu aurudishe.

"Hilo ni kosa la jinai, Bi Tapscott. Kuna fomu yake, na majibu huchukua wiki nane."

Pasaka ilikuwa wiki tatu mbele. Winifred alifikiri kidogo. Alikuwa ameapa kutodanganya tena, na hakudanganya.

"Basi haidhuru," alisema. "Ni vile tu kwamba nina hakika nyuma ya ubao ule pana maandishi ya fundi aliyekijenga."

Uma ukasikika ukiwekwa sahanini.

"Maandishi," Quennell alisema.

"Kwa mkono wake mwenyewe. Lakini nasikia unakula, mwanangu. Tuache zile wiki nane zipite."

Alifika baada ya dakika arobaini, tai imegeukia begani, na glavu nyeupe za pamba, tochi na kamera. Nyuma yake alikuwa Muriel, kwa kuwa Quennell alimpigia simu njiani, na Muriel alikuwa amevaa viatu vya kanisani.

"Na lile kosa la jinai?" Winifred aliuliza.

"Huu ni uchunguzi," alisema Quennell, wekundu ukimpanda masikioni, akapiga magoti.

Vigingi vilitoka kimoja kimoja bila ubishi. Aliyevipigilia alijua kazi. Kijana akaupokea ubao mikononi kama anayepokea mtoto wa ubatizo, akaugeuza, akaumulika. Maandishi yalikuwapo, ya penseli, yamefifia.

"C.T.," alisoma, na sauti yake ilikuwa ya ibada. "Desemba. Sabini na tatu." Akameza mate. "Elfu moja mia sita sabini na tatu."

"Enzi za Mfalme Charles wa Pili," Muriel alisema, mkono kifuani.

"Baridi kali," Quennell aliendelea. "Soseji."

"Walikuwa na soseji wakati huo?" Hilary aliuliza.

"Walikuwa nazo," Muriel alijibu upesi. "Kwa wingi."

"Redio inasema..." Quennell akaukaribia ubao. Akasogeza tochi. Akasogeza miwani. Hakuna aliyemsaidia.

"Endelea," Winifred alisema. "Redio inasema nini?"

"Redio inasema umeme utakatika tena," kijana alisoma, sasa kwa sauti ya mtu wa kawaida aliyeacha nyama yake ikapoa. "Nimeweka mbao mbili mbili, ili Winnie akirudi aseme anavyotaka na mama asisikie." Akainua macho, kisha akayashusha tena. "Kama atarudi."

Winifred alitafuta kiti kwa mkono, akakipata, akakaa. Miaka hamsini aliuangalia unene ule na kuuona kuwa ni tusi. Kila alipopangusa vumbi alijiambia, hivi ndivyo alivyomkinga mamake na mimi. Kumbe mwanamume alikaa hapa na mama yake tu siku sita, anakula soseji, hajui kama ana mke, na alichoweza kufanya kwa mikono yake ni kumjengea mahali pa kulalamikia. Naye akarudi akamnunia wiki mbili. Uchungu ulimjia, na pamoja nao furaha, na hakujua kipi akimeze kwanza. Angemsema Cyril vibaya sana kwa kutomwambia, kama angekuwapo.

Muriel alikuwa wa kwanza kupata sauti. "Aliniuliza," alisema polepole. "Kila mwaka aliniuliza kama fundi alikuwa hodari."

"Na wewe ulimjibu vizuri, mpenzi," Winifred alimwambia. "Alikuwa akishinda anaimba wiki nzima."

Quennell aliuegemeza ubao ukutani kwa uangalifu uleule, ingawa haukuhitaji tena. "Bi Tapscott, nakuomba radhi," alisema. Alimaanisha, na Winifred aliliona hilo. Lakini kijana alikuwa afisa, na uafisa hauponi kwa siku moja. "Hata hivyo, maandishi haya yenyewe sasa yana thamani. Kumbukumbu ya seremala wa kanisa kuu, miaka hamsini, iko mahali pake pa asili. Naweza kuandika kiambaza kibaki kilivyo, kwa sababu hiyo mpya. Nikipenda, yaani. Ukipenda wewe."

Hilary alikuwa analia waziwazi, futi bado imening'inia mkononi. "Kibaki, Mama," alisema. "Tafadhali. Baba alikujengea wewe. Habari za Swindon tutaziangalia upya, tutaweka hata kiti cha umeme kwenye ngazi."

"Kiti kwenye ngazi hizo hakitaruhusiwa," Quennell alisema kwa sauti ndogo.

Wote watatu wakamgeukia Winifred. Alikitazama kiambaza kwa muda, mbao zake mbili mbili, kisha akapiga sakafu kwa fremu yake mara moja.

"Alikijenga ili niseme ninavyotaka," alisema. "Basi nasema. Mama yake yuko makaburini tangu mwaka themanini na moja, hasikii tena. Ubao ule nitabaki nao. Mbao zilizosalia vunjeni, nataka choo."

Quennell akavua glavu zake, akaanza kutafuta kalamu ya kuandikia kibali.