Ondoa Mtukutu Kantini

Kuna kichaka kinaitwa mtukutu, na aliyekipa jina hilo hakukosea, maana ni jina lilelile tunalompa mtoto asiyesikia. Hupandwa kwa kijiti tu, huota hata penye kifusi, na jani lake ukilitafuna bichi utajuta kuzaliwa na ulimi. Kimoja kilikuwa nyuma ya kantini ya ofisi moja ya serikali, kati ya bomba la maji na ukuta, na mwenyewe alikuwa mpishi wa hapo. Miaka kumi na mmoja aliwapikia watu majani yake, nao shukrani yao ikawa kumwita Mama Mtukutu. Wenye haraka waliacha hata huo umama, wakasema tu twende kwa Mtukutu.

Mapishi yake yalikuwa na siri moja, nayo ni subira. Asubuhi, kabla wakubwa hawajaegesha magari, alikwisha kuchuma majani, akayasugua kwa chumvi kwenye beseni mpaka povu la kijani likatoka, akakamua, akamwaga maji, akarudia. Mara nne, mara tano, kadiri ulimi wake ulivyomwambia. Uchungu aliubakiza kidogo, wa kumjulisha mlaji kwamba amekula kitu, kisha karanga za kusaga zikamalizia kazi. Maji ya kwanza hakuyamwaga yote. Mwenye minyoo au homa ya kuja na kuondoka alipita mlango wa nyuma na kikombe chake, akapewa, akaambiwa aende na hospitali pia, maana aliyempa ni mpishi, si mganga.

Basi akaja Mkurugenzi mpya. Huyu alikuwa na maneno mengi mdomoni na machache kwenye karatasi. Aliamini barua ndefu ni ugonjwa wa wavivu. "Funga madirisha." "Leta faili." Hayo ndiyo yalikuwa maagizo yake, na sahihi kubwa chini. Alikuwa na kisukari, na mtu fulani kwenye foleni ya benki alimwambia kwamba mtukutu mbichi ndiyo kiboko yake. Akaanza kunywa glasi moja kila asubuhi. Angeishia hapo, nani angemlaumu? Lakini mkubwa akipata dawa hutaka kila mtu augue. Siku moja akaingia jikoni, akamkuta mpishi anamwaga maji ya tatu, akashika kichwa. Kumbe dawa inamwagwa mferejini! Akaamuru majani yapikwe bila kuoshwa, kwa afya ya wafanyakazi.

Ungewaona watu wazima wale. Mhasibu alimeza, machozi yakimlengalenga, akasema anasikia magoti yanalainika. Dereva akadai ameanza kuona mbali. Karani wa masjala, ambaye hajawahi kuugua hata mafua, alitoa ushuhuda kwamba amepona, ila amepona nini hakusema. Mkurugenzi akipita kati ya meza, vijiko vilienda mbio. Akitoka, mifuko ya plastiki ilifunguliwa mapajani na chakula kikaenda humo. Paka wa kantini alionjeshwa mara moja, akahamia ofisi ya jirani.

Mpishi ilimuuma, na ilimuuma kweli. Sufuria zilizozoea kurudi zimekwanguliwa sasa zilirudi zimejaa. Siku ya tisa alifuta mikono, akaenda hadi meza ya mkubwa.

"Mkurugenzi," akasema, "dawa anapewa mgonjwa. Hawa walikuja na njaa."

Kila mtu akainamia sahani yake. Alasiri ile Mkurugenzi alikuwa anasafiri kwenda semina ya wiki mbili, na kabla ya kuondoka aliacha karatasi mezani kwa afisa utumishi: "Ondoa mtukutu kantini."

Afisa utumishi alikuwa kijana wa tai ndefu na moyo mfupi, na chakula cha mama yule alikula tangu alipokuja ofisini kujifunza kazi. Hakuthubutu kumsomea. Alimkabidhi karatasi asome mwenyewe, akajitetea kwamba agizo ni agizo, na kwamba na yeye ana mke mjamzito nyumbani.

Mpishi akasoma, akakaa juu ya debe. Kitinda mimba wake alikuwa mwaka wa mwisho chuo cha uuguzi, na baba mtu alishatangulia mbele ya haki. Kantini ikimponyoka, na mtoto anarudi nyumbani. Akasoma tena, polepole, kama anayechambua mchele. Kungekuwa na "huyo" pale, kwisha habari yake. Lakini bwana mbana maneno hakuandika huyo wala huo.

"Mwanangu," akasema, "mtu anaachishwa kazi. Kinachoondolewa ni kichaka. Nipe panga."

Kijana alimwelewa papo hapo, akakimbia kulileta. Mama alikata mwenyewe, hakutaka mkono wa mtu mwingine, kwa kuwa kijiti kile alikipanda mwaka aliomzika mumewe. Alikata huku analia. Vibarua wakang'oa mizizi, wakamwaga zege juu, na afisa utumishi akaandika kwamba agizo limetekelezwa, akapiga muhuri. Wiki mbili watu wakala mchicha, na sufuria zikarudi zimekwanguliwa.

Mkurugenzi alirudi saa ya chakula, akakuta mpishi yupo na dawa haipo. Akauliza kwa sauti kubwa ni nani aliyekata. Afisa utumishi, jasho likimtoka, akampa karatasi yake mwenyewe. Mkubwa aliyasoma maneno yake matatu, akainua macho, akawaona watu sitini wanasubiri aseme kwamba alitaka kumfukuza anayewashibisha. Akasema vizuri, kazi nzuri.

Kisha akasogea dirishani penye kupakuliwa chakula, akashusha sauti.

"Unajua kabisa nilimaanisha nani."

"Najua, Mkurugenzi," akasema mama, akimwekea mchicha. "Ungeandika jina langu, ningeondoka siku ileile."

Mkurugenzi akafungua mdomo alitaje, akakuta hana cha kutaja. Akachukua sahani yake, akaenda kukaa.