Bi Aliyekataa Kusema Mjukuu Wake Kasafiri

Swali lililoninyima usingizi juma hili ni hili: mtu akisema mbele ya watu kwamba mwanawe yuko Lamu, nami najua yuko mikononi mwa polisi, je, nimwachie neno lake au nimwambie ninalolijua? Tulikuwa kwenye matanga ya bi mmoja wa Kibokoni, jirani yetu tangu sijaanza shule, aliyeugua muda mfupi akafariki, akazikwa baada ya Alasiri. Wanawake tulikaa ndani kwenye majamvi. Mama mmoja wa Majengo, binamu wa marehemu, aliulizwa mbona mwanawe hakuonekana mazikoni. Akajibu haraka, "Yuko Lamu kwa shangaziye." Wote wakaitikia, "Haya, Mungu amrudishe salama." Lakini kaka yangu alikuwa amekwisha nieleza kwamba kijana huyo alitiwa garini mbele ya duka la kinyozi na watu waliosema ni polisi. Yeye kaka alikuwa ndani, akingoja kunyolewa.

Nilisomea sheria ila bado sijawa wakili, na mtu wa namna yangu huweza kulipima jambo moja hadi adhana ya alfajiri. Nikisema, nimemfedhehesha mama wa watu, tena ana msiba. Nisiposema, kijana atabaki huko bila wa kumwulizia. Labda babake amekwisha tafuta wakili. Labda wanajua nisiyoyajua. Nilimwandikia mama huyo ujumbe kwenye simu, nikaufuta, nikauandika tena kwa adabu zaidi, nikaufuta.

Aliyenizidishia mashaka ni marehemu mwenyewe. Wasomaji wa huku kwetu mnaijua desturi: kijana akishikwa, nyumba husema kasafiri. Miaka kadhaa nyuma mjukuu wa bi huyo alichukuliwa hivyohivyo. Wanawe walifunga madirisha wakakubaliana jibu moja la kuwapa watu, nalo ni Malindi. Bi akavaa buibui lake, akatoka, akaketi barazani, mahali ambapo jioni hukaa wanaume tu, akawa amwuliza kila apitaye: "Mjukuu wangu kachukuliwa na polisi. Sijui wamempeleka kituo gani. Wewe wajua?"

Mwanawe mkubwa alitoka mbio, jasho likimtiririka. "Mama, ingia ndani. Watu watatusema."

"Nao waseme. Wakisema sana, nitajua aliko."

Fundi cherehani wa jirani, kwa kutaka kuisaidia nyumba, akasema yeye alisikia kijana kaenda Malindi. "Kaenda kwa miguu ya nani?" bi akamwuliza. "Viatu vyake vyote vi mlangoni." Watu wakaangua kicheko, nami nikacheka, na kicheko hicho kiliondoa nusu ya aibu. Kabla ya Magharibi dereva mmoja wa tuktuk alisimama akasema amemwona kijana akishushwa kituo fulani. Asubuhi yake wakili waliyemweka alikuwa na pa kuanzia, na kijana akafikishwa mahakamani. Polisi waliomba wakae naye zaidi. Hakimu aliwauliza sababu, hakuridhika nazo, akamwachilia kwa dhamana. Mtu mmoja alikuja kumpongeza bi kwamba mjukuuwe hana hatia. Bi akamkatiza. "Hilo silijui. Kama kafanya, na ahukumiwe. Ila ahukumiwe mbele ya watu."

Sijawahi kuisikia Katiba ikielezwa kwa maneno machache kuliko hayo. Inataka aliyekamatwa aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa, aruhusiwe kuwasiliana na wakili na mtu mwingine, afikishwe mahakamani ndani ya saa ishirini na nne, au siku ya mahakama inayofuata ikiwa muda huo umeishia wakati mahakama zimefungwa. Polisi wakitaka kumzuia zaidi, hawajipi ruhusa wenyewe. Wanaiomba kwa hakimu, na watoe sababu nzito. Na jamaa wakiambiwa hayupo, Mahakama Kuu inaweza kuamuru aletwe mbele yake. Hayo yote niliyakariri kwa ajili ya mtihani. Ambalo halikuwamo kwenye mtihani ni kwamba saa hizo hupita bure kama huku nje hakuna anayesema: huyu ni wetu, na tunamwulizia. Siwalaumu wanaosema kasafiri. Kijana akishikwa, hata akirudi bila kosa, posa za dadaze hukatika, mwenye nyumba hubadilika, na watu huanza kuzijadili ndevu zake kama dalili ya ugaidi. Stara ni jambo jema. Lakini ukisema kasafiri, umemsitiri na aliyemshika.

Basi sikutuma ujumbe. Asubuhi nilikwenda Majengo nikapiga hodi, na yaliyofuata nayaandika kwa ruhusa ya mama mwenyewe. Nilimkuta uani akipepeta mchele.

"Shikamoo, mama. Hakwenda Lamu."

Hakuinua uso. "Marahaba. Nani kakwambia?"

"Kaka yangu alikuwapo."

"Babake asema tungoje, watamwachia wenyewe. Asema tukienda tutawaudhi."

"Na wewe wasemaje?"

Akauweka ungo chini. "Mimi, mwanangu, hata sijui kama kala."

Tulikwenda kituo cha kwanza, hayupo. Tukaenda cha pili. Askari wa mapokezi akatuuliza tunamtafuta nani. Mama akanishika mkono. Nikataja jina la kijana, la babake na la babu yake, kwa sauti ambayo hata waliokaa kwenye benchi waliisikia. Askari akageukia mlango wa ndani akaita: "Yule kijana wa juzi, wenyewe wamekuja!"

Mama alilia kwa kusikia kwamba yupo. Mimi nilibaki na lile neno juzi. Nilimwuliza askari ni mahakama gani watakayompeleka asubuhi hiyo, maana muda wao ulikuwa umekwisha pita. Akaitaja. Nikamshukuru, nikamshika mama mkono, tukatangulia kwenda kungoja huko.