Alama Moja Ubaoni

Asubuhi moja naikumbuka mpaka leo, mwanangu. Nilikuwa kidato cha pili hapa hapa Tanga, mwalimu akaniita ubaoni. Alikuwa ameandika x² − x − 12, akataka niiweke katika mabano mawili. Yaani utafute namba mbili: ukizizidisha upate hasi kumi na mbili, ukizijumlisha upate hasi moja. Nikaandika (x + 4)(x − 3). Darasa zima likaangua kicheko.

Nililia njia nzima hadi nyumbani Ngamiani. Nikamwambia mama shule sirudi tena. Mama, masikini, hakunigombeza; watoto tulikuwa wengi na mimi ndiye mkubwa. Akasema basi, utakwenda Horohoro kwa shangazi yako ukamsaidie dukani. Nikafungasha nguo zangu.

Jioni tukasikia hodi. Alikuwa Mwalimu Mwanaidi, yule yule wa hesabu, mama wa makamo, Mbondei wa Muheza, sauti yake ya chini. Nikamwamkia shikamoo huku uso naficha. Mama akamweleza habari ya Horohoro; mwalimu hakuniuliza kwa nini nimetoroka. Aliomba maji, akanywa, akaniambia, "Lete karatasi. Hebu fungua mabano yako."

Nikazidisha kimoja kimoja. Ikatoka x² + x − 12.

"Kilichokosewa kipi?"

"Alama ya katikati tu, mwalimu."

"Sasa alama moja ndiyo ya kukupeleka Horohoro?"

Mama akacheka, nami nikacheka na machozi yangu. Nikabadilisha: (x − 4)(x + 3). Nikazidisha tena, ikakaa sawa. Mwalimu akamgeukia mama, akamwomba aniache nirudi kesho yake. Mama akaziangalia zile nguo pale mkekani, kisha akasema, "Haya, mwalimu. Shangazi yake nitazungumza naye mwenyewe."

Sikuja kuwa bingwa wa hesabu, usinidhanie. Lakini nilifaulu, nikasomea unesi, na wadogo zangu nikawasomesha.

Basi, mwanangu, ukikosea usichane karatasi. Fungua mabano, uzidishe, utazame palipopinda. Mara nyingi utakuta namba ulishazipata, umekosa alama tu. Na mwenzako akikosea ubaoni usimcheke. Hujui nyumbani kwao wameshampangia nini. Mwenyezi Mungu akufungue akili, akupe moyo wa kurudi darasani, na akukutanishe na walimu wenye huruma popote utakapokwenda. Amin.