Analipwa kukosea mbele ya mgeni

Ni asubuhi, korido bado ina unyevu wa deki. Mwanamke mnene wa wastani anavua aproni ya usafi, anaitundika nyuma ya mlango wa stoo, anajitazama kwenye kioo cha dirisha na kuingia chumba cha pili kushoto. Humo kuna meza moja ndefu na viti vitano. Anakaa kiti cha nne, ambacho ni chake siku zote.

Muda si muda anaingia mwanafunzi wa kike, begi mgongoni. Anaomba radhi kwa kuchelewa na kukaa kiti cha tano, kilichobaki peke yake. Hakuchelewa. Wenzake ndio walioambiwa wawahi.

Mhadhiri anainua kadi mbili. Moja ina mstari mmoja, nyingine ina mistari mitatu: mfupi, wa kati na mrefu. Swali lake ni jepesi hata linachosha. Upi kati ya hiyo mitatu unalingana na ule wa kwanza? Mtoto wa chekechea angejibu huku anakula.

Jibu ni wa pili. Lakini aliyekaa kiti cha kwanza anasema wa tatu. Anayefuata anasema wa tatu, na wa kiti cha tatu vilevile. Mwanamke wa kiti cha nne anaikodolea kadi kama anayechagua nyanya sokoni, kisha anatamka bila wasiwasi, "Wa tatu."

Mwanafunzi anafinya macho. Anasogea mbele, anarudi nyuma, anacheka kicheko kisichojua pa kwenda. Kisha na yeye anasema, "Wa tatu."

Katika jengo hili la idara ya saikolojia, mwanamke huyo anaitwa Bi Mstari. Kwa mkataba ni mfanyakazi wa usafi. Kwa kazi ya pili, anayoifanya mara moja au mbili kwa wiki, ni mwongo wa halali. Posho ya kikao kimoja inamnunulia mikate minne, na kikao kikiahirishwa hapati kitu.

Wale waliopangwa kukosea huitwa wenyeji. Yule mmoja asiyejua lolote huitwa mgeni. Wenyeji wana masharti mawili: wasicheke, na wasimtazame mgeni usoni anapofikiri. Bi Mstari anakiri kwamba hilo la pili linamshinda.

"Namtazama kwa pembeni," anasema. "Ukimtazama utaona mahali anapoachana na macho yake mwenyewe. Ni padogo, lakini panaonekana."

Mhadhiri anaeleza kwamba jaribio hilo si lake. Lilibuniwa katikati ya karne iliyopita, na yeye hulirudia kila mwaka ili wanafunzi waione historia ya fani yao ikiwa hai. Anasema watafiti wa mwanzo walimtaka mtu ajichungulie mwenyewe akilini na kusimulia anachokiona. Baadaye wakaja wengine waliosema akili haionekani, tupime matendo tu. Mwishowe watu wakarudi kuuliza namna binadamu anavyoona, anavyokumbuka na anavyoamua.

Jaribio la mistari, anasema, liliwashangaza wengi kwa sababu karibu theluthi moja ya majibu ya wageni, katika zamu ambazo wenyeji walikosea makusudi, yalifuata kosa la wenzao. Ila akipatikana mwenyeji mmoja wa kusema kweli, mgeni hupata nguvu, na makosa yake hupungua sana.

Baada ya kila kikao mgeni huambiwa ukweli na kuombwa radhi. Karibu wote hucheka. Bi Mstari hakipendi kipindi hicho, na mara nyingi huwahi kwenda kuchukua ndoo yake.

Kazi hii imemwachia ugonjwa mmoja: hamwamini mtu. Dukani, wanawake watatu wakisifia kitambaa kimoja kwa zamu, yeye huondoka. Kwenye foleni ya zahanati, wote wakisema daktari hayupo, yeye huenda kugonga mlango.

"Huyu ukimwambia mvua inanyesha," anasema mumewe, fundi viatu, "anatoa mkono nje ya dirisha kwanza. Halafu anauliza nani mwingine amekuambia."

Mumewe naye alikuwa na shaka zake. Kazi ya kiti cha nne ni siri, ikivuja inaharibika, kwa hiyo mwanzoni mke hakumwambia kwa nini siku fulani anavaa gauni la kutokea kwenda kupiga deki. Mume akamfuata hadi kwenye geti. Siku alipoambiwa ukweli, alicheka hadi akakohoa, kisha akauliza kama hata hilo nalo si sehemu ya jaribio.

Hayo yote yangebaki kuwa mzaha wa nyumbani, kama kaka mkubwa wa Bi Mstari asingeitisha kikao cha ndugu.

Mama yao ni mjane. Anaishi peke yake kwenye nyumba ya vyumba viwili aliyoijenga na marehemu mumewe, na siku hizi husahau. Ameunguza sufuria. Amewahi kumwita mjukuu kwa jina la mjomba wake. Kaka mkubwa, fundi bomba mwenye sauti ya kuita mtu ng'ambo ya barabara, alitaka mama ahamie kwake na nyumba ipangishwe, kodi iwe ya dawa zake. Akasema mama alikwisha kukubali, mbele yao wote, siku walipokutana mara ya mwisho.

Walikaa sebuleni kwa mama, kila mtu na kiti chake. Kaka akaanza: mama alikubali. Dada, mwenye duka la vifaa vya shule, akasema ndiyo, alikubali. Kitinda mimba wa familia, mlinzi wa benki, akaitikia kwamba na yeye alisikia. Zamu ikamfikia Bi Mstari. Baada yake alibaki mama.

"Nikageuka kumtazama," anakumbuka. "Mama amefinya macho. Amesogea mbele. Akacheka kidogo. Kicheko kile ninakijua, ninalipwa kukisubiri. Mama yangu alikuwa mgeni, ndani ya nyumba yake."

Mdomo wake, anasema, ulikwisha kufunguka kwa mazoea kuitikia kama wenzake. Akaufunga. Kisha akasema kwamba yeye hakusikia mama akikubali.

Mama akainua kichwa.

"Na mimi sikusema," akasema. "Nilikuwa naogopa kuwa nimesahau."

Kaka mkubwa alisimama na kumuuliza Bi Mstari kama anataka mama afe kwa moto wa jiko ndipo afurahi. Kikao kikavunjika bila chai kunywewa.

Bi Mstari alitoka pale akiwa na hakika moja: wamepangwa. Kwa miaka yake yote kazini hajawahi kuona watu watatu wakitamka jibu moja lisilo la kweli bila kupangwa kwanza. Alianza kutafuta aliyewapanga. Alimshuku wifi yake, mke wa kaka. Akamshuku mpangaji aliyewahi kuiulizia nyumba. Akawatembelea ndugu zake mmoja mmoja, kwa visingizio vya sukari na mwavuli.

Dada yake, huku akipanga penseli kwenye kopo, alimjibu bila kuficha. Hakusikia mama akikubali. Alikuwa jikoni siku ile. Lakini kaka alisema, na kaka huwa hasemi asichokiona.

Mlinzi wa benki akaona aibu zaidi. "Dada, wakubwa wawili wamesema. Mimi kitinda mimba niseme nini? Nikajua mimi ndiye sikumbuki vizuri."

Akabaki kaka mkubwa. Alimkuta chini ya sinki la mtu, miguu nje, na wakaongea hivyohivyo, yeye amechuchumaa, kaka akijibu kutoka kwenye giza la mabomba. Siku ile, kaka alisema, alimuuliza mama kama atahama. Mama akamjibu, "Tutaona, mwanangu." Yeye akachukua kwamba amekubali. Usingizi ulikuwa umemtoroka tangu sufuria ile iungue, na alilitaka jibu hilo mno.

"Kumbe hakuna aliyepanga," anasema Bi Mstari, na anaonekana kama mtu aliyepokonywa kitu. "Kungekuwa na mwongo ningejua wa kumkasirikia. Wote walikuwa wageni."

Mhadhiri, aliposimuliwa, alisema ndivyo inavyokuwa mara nyingi nje ya chumba chake: hakuna anayelipwa, na bado viti vinaitikiana. Bi Mstari alimjibu kwamba angependa kuambiwa hayo kabla ya kuwashuku ndugu zake kwa wiki nzima. Mhadhiri akakubali.

Sasa shaka imemgeukia yeye mwenyewe. Mama alisema hakukubali, sawa. Lakini alisema hivyo baada ya binti yake kusema. Je, alikumbuka kweli, au alimfuata mwenyeji mpya? Na lile la kusahau, ni ugonjwa, ni uzee tu, au ni woga wa mtu anayeambiwa kila siku kwamba anasahau?

"Sijui," anasema. "Na nikimuuliza mimi, atanijibu ninachotaka. Ananipenda. Hiyo ndiyo shida."

Ameomba miadi katika kliniki inayopima kumbukumbu za wazee, na ameomba ruhusa kazini siku hiyo, posho ikosekane ikibidi. Kaka mkubwa, ambaye bado anazungumza naye kwa mkato, amesema atawapeleka kwa gari lake la vifaa. Wamekubaliana kwamba hadi majibu yatoke mama atabaki nyumbani kwake mwenyewe, na kitinda mimba atalala huko siku asizokuwa na lindo.

Mpango wa Bi Mstari ni mmoja. Mama ataingia kwa daktari peke yake, na mlango utafungwa. Hakuna mtoto atakayekaa naye, hata yule aliyemtetea. Kama mama atahama au atabaki, atalisema hilo bila kutazama uso wa mtu yeyote.

Mama ameukubali mpango huo, ila na yeye ametoa sharti.

"Wewe usikae hata hapo kwenye benchi," alimwambia binti yake. "Kikohozi chako nakijua, utanijibia kwa kukohoa. Kaa na kaka yako kwenye gari. Mkanisubiri wawili, huenda mkapatana."