Jina Lililokatwa

Binti wa kaka yangu anatengeneza filamu za kweli, zile zisizo na waigizaji. Alianza na harusi, akachoka kubembeleza watu wacheke. Sasa anawatafuta waliolizwa na serikali zamani. Kazi anaijua, simnyimi haki yake. Akiingia kwako anazima friji isingurume, na funguo za gari anaziweka humo humo ndani, asije akaondoka akaiacha imezimwa.

Miaka mitatu alihangaika na habari ya kiwanda chetu cha nguo: wafanyakazi waliogoma, wakachukuliwa majumbani alfajiri, wasirudi. Mmoja ni mume wangu. Mlinzi mstaafu aliyewafungulia askari geti la nyumba za wafanyakazi, binti huyu alimbana kwa maswali mpaka mzee wa watu akalia mbele ya wajukuu zake.

"Shangazi, mimi simfichi mtu," aliniambia.

Ikafika zamu yangu. Nikakaa wima, nikasema yote, na aliyewapelekea askari orodha ya majina ya waliogoma nikamtaja: kaka yangu, karani wa mishahara. Baba yake.

"Asante, shangazi," akasema, akakusanya vyombo vyake, akatoka. Kisha akarudi kugonga. Funguo alizisahau kwenye friji.

Baadaye akaja na kompyuta. Nikajiona nazungumza, vizuri tu, halafu pale pa orodha ikaonekana mikono yangu, na maneno yakarukia kwingine.

"Jina liko wapi?"

"Baba ana ugonjwa wa moyo, shangazi."

"Na yule mlinzi, moyo wake wa bati?"

Akapunguza sauti ya kompyuta.

"Basi nitoe na mimi. Siwezi kuonyeshwa nusu nusu kama kitambaa cha sampuli."

Nilidhani atanibembeleza. Nimembeba mgongoni huyu. Aliinamia mashine, akabonyeza mara mbili tatu, nikawa sipo.

Filamu ikaonyeshwa ukumbini, ikapata tuzo. Sikwenda. Alikwenda jirani yangu, mjane mwenzangu wa kiwanda, akarudi macho mekundu. Alisema kaka yangu alikaa kiti cha mbele, akapiga makofi. Majina ya marehemu yalisomwa, watu wote wamesimama.

"Mangapi?"

"Kumi na moja."

Walichukuliwa kumi na wawili. Nikamuuliza jirani mbona hakusema kitu.

"Nilidhani umekubali mwenyewe jina la mumeo liachwe, dada."

Ni kweli, nilisema mwenyewe nitolewe mimi. Simu ya yule mtoto imeita mara nne tangu jana, na sijaipokea.